Pudini ya mahindi mabichi ya kuoka: kipimo cha kwanza ni ukucha

Mapishi mengi ya pudini ya mahindi yameandikwa kana kwamba mahindi yote ni mamoja. Unaambiwa vikombe 4 vya punje, mayai 4, kikombe cha maziwa, oka dakika 50, basi. Ukifuata hivyo neno kwa neno, leo utatoa pudini laini inayoteleza ulimini, wiki ijayo utatoa supu yenye punje chini, na mara ya tatu kitu kizito kinachokaba koo. Vipimo ni vilevile, mikono ni ileile. Kilichobadilika ni hindi.

Hindi changa lina maji mengi na wanga kidogo. Kadiri linavyokomaa, sukari yake inageuka wanga na maji yanapungua. Sasa, pudini hii inashikwa na vitu viwili: mayai na wanga. Kama hujui wanga ulio kwenye hindi lako ni mwingi au mdogo, unapika kwa kubahatisha. Ndiyo maana mimi sianzi na mayai wala oveni. Naanza na ukucha.

Utakavyohitaji (watu 6 hadi 8)

- Mahindi mabichi 6 ya ukubwa wa kati. Moja hutoa kama robo tatu ya kikombe cha punje, hivyo utapata vikombe 4 na ushee, yaani gramu 600 hivi
- Mayai 4
- Maziwa mililita 240 (kikombe 1)
- Krimu mililita 120. Kama huna, tumia maziwa kiasi hichohicho na uongeze siagi kijiko kimoja kikubwa
- Siagi gramu 60, na nyingine kidogo ya kupaka bakuli
- Unga wa ngano vijiko vikubwa 2 (usiupime bado, soma kwanza)
- Sukari kijiko kikubwa 1
- Chumvi kijiko 1 cha chai
- Pilipili manga robo kijiko cha chai, na kungumanga ya kukwaruza kidogo tu

Bakuli la kuokea liwe la lita 2 hivi. La mraba wa sentimita 20 kwa 20 lenye kina cha sentimita 5 linatosha vizuri. Tafuta pia trei kubwa ambayo bakuli hilo litakaa ndani yake na nafasi ibaki pembeni, kwa ajili ya maji.

Kulisoma hindi

Kabla hujanunua au kuvuna, tazama maganda: yawe ya kijani, yamelibana hindi, na yakiguswa yawe na ubaridi wa kitu kibichi. Ndevu za nje ziwe kahawia lakini kwa ndani, pale zinapoingia kwenye maganda, bado zina unyevu na zinanata kidogo. Ndevu zilizokauka hadi ndani ni dalili ya hindi la zamani. Papasa ncha juu ya maganda. Ukihisi punje zimejaa hadi karibu na kilele, hilo limefika. Kama ncha ni nyembamba na inabonyea, bado.

Sasa fungua maganda kidogo upande mmoja, chagua punje moja ya katikati ya hindi (za kwenye ncha hudanganya, daima ni changa kuliko wenzake), uiminye kwa ukucha hadi ipasuke. Tazama kinachotoka.

Kikitoka kimiminika chembamba, karibu maji matupu, hindi ni changa. Pudini yake itakuwa tamu lakini haitasimama bila msaada. Weka unga vijiko vikubwa 3, na maziwa upunguze hadi mililita 180.

Kikitoka kimiminika cheupe kama maziwa na kikaruka kidogo kwenye kidole chako, hindi liko pale pale unapolitaka. Tumia vipimo vya hapo juu kama vilivyo.

Kikitoka kitu kama uji mzito, au ukucha ukazama kwenye punje kama kwenye donge la unga, wanga ni mwingi. Unga wa ngano weka nusu kijiko au usiweke kabisa, maziwa yapande hadi mililita 330, na sukari iwe vijiko 2 kwa sababu utamu wa asili umeshapungua.

Na kama ukucha haupiti, hindi hilo lina kazi nyingine. Lichemshe au liache likauke lisagwe.

Kuna jambo moja linalowachanganya watu hapa. Zipo mbegu za mahindi matamu zilizozalishwa ili zihifadhi sukari badala ya kuigeuza wanga upesi. Hizo hata zikiwa zimefika, maji yake yanabaki mepesi. Ukiyaonja mabichi ni matamu kama tunda. Ni mazuri kwa kutafuna, ila kwenye pudini uyahesabu pamoja na mahindi machanga: unga vijiko 3, na sukari unaweza kuacha kabisa.

Ukishayapata, pika siku hiyohiyo ikiwezekana. Hindi likishachumwa, sukari inaendelea kugeuka wanga, na joto linaharakisha kazi hiyo. Kama lazima yalale, yalale kwenye friji na maganda yake, na kesho uyapime tena kwa ukucha. Usitumie majibu ya jana.

Kukata na kukwangua

Menya maganda, toa ndevu. Zile zinazobaki kwenye mistari ya punje hutoka kirahisi ukipitisha kitambaa chenye unyevu, kutoka kwenye ncha kwenda kwenye kikonyo.

Kata kila hindi vipande viwili ili upate upande bapa wa kusimamishia. Lisimamishe ndani ya bakuli pana au trei, kwa sababu punje zinaruka na hutaki kuzifuata chini ya meza. Kisu kiwe kikali. Kipitishe kutoka juu kwenda chini ukikata kama theluthi mbili tu za kina cha punje. Kisu kikienda sawasawa hutoa mlio mwepesi wa kukwaruza. Ukihisi kinagota na mkono unahitaji nguvu, umefika kwenye gunzi, vuta nje kidogo. Ukikata kwa kina sana unaondoka na vile vikombe vigumu vinavyoshika mizizi ya punje, na ndivyo vinavyobaki kwenye meno ya wageni wako.

Ukimaliza kukata, usitupe gunzi. Geuza kisu, tumia mgongo wake butu, ukandamize na kukwangua kuelekea chini, ukilizungusha gunzi taratibu. Utaona ute mweupe mzito unajikusanya mbele ya kisu na kuteremka bakulini, umechanganyika na viini vidogo vya punje vilivyobaki nyuma. Ute huo ndio pudini yenyewe. Ndani yake mna wanga, utamu na harufu, na mapishi yanayoruka hatua hii hulazimika kuweka unga mwingi kufidia. Kwangua hadi gunzi likauke chini ya kidole. Kwa mahindi 6 utapata kama robo kikombe ya ute, wakati mwingine zaidi. Changanya na punje.

Magunzi yaliyokwanguliwa yana harufu bado. Mahindi yakiwa hayana utamu sana, huwa nayavunja vipande na kuyachemsha kwa moto mdogo ndani ya maziwa ya pudini kwa dakika 15, kisha nayatoa na kuchuja. Maziwa yatapungua, kwa hiyo yapime upya na kujazia. Mahindi yakiwa mazuri sijisumbui.

Kusaga, lakini si yote

Chukua nusu ya punje pamoja na ute wote, weka kwenye blenda, uzungushe kwa vipindi vifupi hadi upate kitu kama uji wenye chenga. Nusu nyingine iache nzima. Mahindi yakiwa yamekomaa, saga theluthi mbili, maana punje nzima za hindi lililokomaa zina ganda gumu.

Huna blenda, tumia kikwaruzo kile cha karoti, upande wa matundu makubwa, na ukwaruze hindi zima kabla ya kulikata. Ni kazi ya mkono na utajirushia usoni, lakini matokeo yake ni mazuri kuliko ya blenda, kwa sababu ganda la punje hubaki nyuma kwenye gunzi. Ukifanya hivyo, mahindi 4 yakwaruze na 2 uyakate punje nzima.

Kusaga yote hadi yalainike kabisa ni kosa ambalo nimelifanya mwenyewe, tena kwa mahindi yaliyokomaa na unga kamili juu yake. Nilichotoa kwenye oveni kilikatika kama mche wa sabuni, pembe zake kali kabisa. Kililiwa, lakini kimyakimya.

Sufuriani kwanza

Hatua hii mapishi mengi hayana, na ndiyo nisiyokubali kuiacha. Sababu ni moja: inakupa nafasi ya pili ya kurekebisha kabla mayai hayajaingia.

Yeyusha siagi kwenye sufuria kwa moto wa wastani. Mimina mahindi yote, yaliyosagwa na mazima, ongeza chumvi, ukoroge bila kuacha kwa dakika 4 au 5. Wanga wa mahindi huanza kuvimba na kuwa mzito ukikaribia nyuzi 65 hadi 70 za Selsiasi, kwa hiyo utaona mabadiliko mbele ya macho yako. Mwanzoni mchanganyiko unarukaruka na kuachana, maji huku siagi kule. Kisha ghafla unashikana, unang'aa, na harufu inabadilika kutoka ya majani mabichi kuwa ya hindi la kuchemsha. Hapo nyunyiza unga uliopima, koroga dakika moja zaidi ili ladha ya unga mbichi iondoke.

Sasa pitisha mwiko katikati ya sufuria hadi uone chini. Njia ile ikibaki wazi kama sekunde mbili halafu ikajifunga polepole, uko sawa. Ikijifunga papo hapo kama maji, nyunyiza unga kijiko kimoja kingine na ukoroge. Ikibaki wazi na kingo zake zikasimama, ongeza maziwa vijiko 3 au 4 hadi ilegee.

Ondoa motoni. Mimina maziwa na krimu, weka sukari, pilipili manga na kungumanga, koroga. Onja sasa, kwa kuwa baada ya hapa kutakuwa na mayai mabichi ndani. Iwe na chumvi kidogo kuliko unavyodhani inafaa kinywani wakati wa moto, kwa sababu ikipoa kidogo chumvi husikika zaidi. Acha ipoe hadi uweze kuzamisha kidole bila kukitoa haraka. Mayai yakikutana na mchanganyiko wa moto yanaiva vipande vipande kabla hayajafika oveni.

Mayai

Vunja mayai kwenye bakuli kubwa, yapige kwa uma hadi ute na kiini vichanganyike, kisha uache. Hutafuti povu. Povu hufanya pudini ipande kwa majivuno ndani ya oveni na kuanguka mbele ya wageni, juu ikibaki na makunyanzi. Wapo wanaotenganisha ute wa yai, wakaupiga hadi usimame na kuukunja ndani ili pudini iwe nyepesi kama sifongo. Inapendeza dakika tano za kwanza. Kwangu haistahili vyombo vinavyoongezeka vya kuosha.

Mimina mahindi vijiko vichache kwanza ndani ya mayai huku unakoroga, halafu yote yaliyobaki.

Kuoka

Washa oveni mapema, nyuzi 175 hadi 180 za Selsiasi, rafu ikiwa katikati. Paka bakuli siagi, mimina mchanganyiko, na ukoroge mara ya mwisho kwa sababu punje nzima hupenda kuzama. Weka bakuli ndani ya trei kubwa, weka trei kwenye rafu, ndipo umimine maji ya moto kwenye trei hadi yafike nusu ya urefu wa bakuli. Ukimimina maji mezani kwanza utatembea na trei iliyojaa maji yanayochemka, na mwendo huo sikushauri.

Kazi ya maji ni kulinda kingo. Joto la oveni ni nyuzi 180, lakini maji hayapandi juu ya 100, kwa hiyo pembeni mwa bakuli hapaivi kupita kiasi wakati katikati bado kunasubiri. Mayai yaliyochanganywa na maziwa hushikana yakikaribia nyuzi 80. Yakipita hapo kwa mbali, yanajikamua: unapata chembe ngumu zinazoogelea kwenye maji. Wanga wa mahindi unasaidia kuyakinga, ila una kikomo chake.

Anza kuangalia dakika ya 40. Kwa kawaida itachukua 45 hadi 55. Gusa bakuli kidogo kwa pembeni: kingo zisitikisike, lakini katikati, sehemu ya upana wa kifuniko cha chupa pana, itikisike kama jeli, kwa pamoja. Ikitikisika kwa mawimbi, bado ni kimiminika. Kisu kikichomekwa sentimita 3 kutoka pembeni kitoke kisafi, na kikichomekwa katikati kitoke na unyevu. Mwenye kipimajoto cha jikoni aangalie katikati pafike nyuzi 77 hadi 80.

Toa hapohapo. Usisubiri katikati pakauke ndani ya oveni, kwa sababu joto lililobaki litamalizia. Itoe kwenye maji, iache itulie dakika 15. Najua harufu inakusumbua, lakini ukiichota mapema inamwagika, na mtu aliyeichota mapema husema pudini haikuiva.

Kama juu pamepauka na wewe unataka rangi, washa moto wa juu dakika 3 za mwisho na usiondoke hapo. Pakiwahi kuwa kahawia kabla ya ndani kuiva, funika kwa karatasi ya aluminiamu bila kuibana.

Bila oveni inawezekana. Sufuria nzito yenye mfuniko bapa, weka ndani yake kitu cha kuinua bakuli lisiguse chini, makaa theluthi moja chini na theluthi mbili juu ya mfuniko. Kwa njia hii chungulia mapema, dakika ya 30, maana moto wa makaa hauna namba. Au iive kwa mvuke kwenye sufuria iliyofunikwa, ukiwa umefunga kitambaa chini ya mfuniko ili matone yasiangukie pudini. Ya mvuke ni laini sana, ila haina ule uso wa kahawia.

Ikikuharibikia

Maji yamekusanyika chini na juu kuna chembe chembe: imekaa motoni mno, au oveni yako ina joto kuliko inavyosema. Mara ijayo toa mapema kwa dakika 7. Maji chini lakini juu ni laini: mahindi yalikuwa machanga na ulipita haraka kwenye mtihani wa mwiko. Nzito, inakwama kooni: wanga ulizidi, na siku hiyo inaokolewa kwa kumwagia maziwa ya moto kidogo juu ya kila sahani. Imepasuka katikati: moto mkali, haidhuru ladha.

Ukitaka kubadilisha

Jibini ya kukwaruza, gramu 100, inaingia pamoja na maziwa, nawe upunguze chumvi kwa nusu. Vitunguu, pilipili hoho au uyoga vikaange kwanza hadi vikauke maji, la sivyo maji hayo yatatokea chini ya bakuli. Asiyetumia maziwa ya ng'ombe atumie tui zito la nazi badala ya maziwa na krimu, mafuta badala ya siagi, na kiasi chake akipunguze kwa kuwa tui lina mafuta yake. Asiyekula ngano aweke wanga laini wa mahindi, nusu ya kipimo cha unga, aukoroge kwanza kwenye maziwa baridi na kuumimina baada ya mahindi kushikana sufuriani, kisha auache uchemke kidogo.

Ya kitindamlo ni habari nyingine: sukari gramu 100, iliki au vanila, pilipili manga ikae kabatini.

Kiporo

Isikae nje zaidi ya saa 2, kwa kuwa ni mayai na maziwa. Kwenye friji, ikiwa imefunikwa, inakaa siku 3 hadi 4. Pasha kwa oveni ya nyuzi 160, imefunikwa, dakika 20 hivi, hadi katikati papate moto kabisa. Usiigandishe, ikiyeyuka huachia maji yote. Mahindi yakizidi, ni afadhali ugandishe punje: chemsha mahindi mazima dakika 4, yatumbukize kwenye maji baridi sana, kata, funga.

Na ile pudini ya jana iliyoshikana kwa ubaridi wa friji, ikate vipande vya unene wa kidole, vipake unga kidogo, uvikaange kwa siagi hadi pande zote mbili ziwe na ganda la kahawia. Geuza mara moja tu, kwa kisu kipana, na usivisukumesukume.